Je, kweli akili ni nywele?

Methali nyingi husemwa bila mtu kudai ushahidi, na hii ni mojawapo: akili ni nywele, kila mtu ana zake. Husemwa barazani watu wakishindwa kuafikiana, husemwa na mzazi aliyechoka kuwalinganisha watoto wake. Hakuna anayeuliza, "Umejuaje?" Kichwa changu ni changu, chako ni chako, na kilichomo ndani ni cha mwenyewe. Yameisha.

Tarehe 10 Desemba 1270, Askofu wa Paris, Étienne Tempier, alipiga marufuku kauli 13 na kutangaza kwamba atakayezifundisha kwa kujua ametengwa na Kanisa. Kauli ya kwanza ilisema akili ya wanadamu wote ni moja, moja kabisa kwa idadi. Ya pili ilisema ni makosa, au si lugha sahihi, kusema kwamba mtu anaelewa. Askofu hajisumbui kukataza jambo lisilosemwa na yeyote. Kulikuwa na walimu pale Paris waliokuwa wakifundisha kinyume cha methali yetu, tena wasomi wa kuheshimika, na hoja yao waliitoa katika vitabu vya kadhi mmoja wa Córdoba, Hispania, aliyefariki miaka 72 kabla.

Ukiwafuata hatua kwa hatua, kila hatua inakubalika. Mshtuko unakungoja mwishoni.

Tuanze na maneno, kwa kuwa Mswahili anayeingia katika mjadala huu huingia na funguo mfukoni bila kujua. Akili yetu ni 'aql ya Kiarabu, neno lenye undugu na jina la kamba anayofungwa ngamia goti asitoroke. Nafsi ni nafs, hisi ni hiss, fikra ni fikr, yakini ni yaqin. Ndiyo maneno waliyotumia wanafalsafa wa Baghdad, Bukhara na Córdoba, ila kwao yalikuwa na makali ambayo kwetu yamesagika. Johari kwetu ni kito cha kuvaa. Kwao jawhar ni kitu kinachosimama chenyewe, kisichohitaji kingine cha kukibeba kama rangi inavyohitaji ukuta. Al-Farabi, aliyefariki Damascus mwaka 950, aliandika risala nzima kupambanua maana sita za neno akili, akianza na ile ya watu wa kawaida wanaposema fulani ana akili, yaani anajua la kufanya na la kuepuka. Hiyo siyo iliyozua ugomvi. Ugomvi ulitoka kwa Aristotle.

Aristotle, mwanafalsafa wa Kigiriki aliyefariki mwaka 322 K.K., katika kitabu chake juu ya nafsi, alilinganisha kuelewa na kuona. Jicho hupokea rangi kwa sababu lenyewe halina rangi. Lingekuwa jekundu lingeona kila kitu chekundu. Vivyo hivyo akili, kwa kuwa inaweza kuelewa kila kitu, yenyewe haipaswi kuwa kitu chochote kati ya hivyo. Lazima iwe tupu, isiyochanganyika na mwili. Mpaka hapo sawa. Kisha inakuja sura ya tano ya kitabu cha tatu, ambayo haizidi nusu ukurasa. Anasema kuna akili inayokuwa kila kitu na nyingine inayofanya kila kitu, na hii ya pili ni kama mwanga: rangi zimo gizani lakini hazionekani mpaka mwanga uzizindue. Akili hiyo inayotenda, anaongeza, imetengana na mwili, haifi, ni ya milele.

Ya nani? Hasemi. Yangu, yako, ya Mungu? Anapita kama mtu aliyeacha mlango wazi akaondoka zake. Alexander wa Aphrodisias, karibu mwaka 200 B.K., akasema akili hiyo ni Mungu mwenyewe. Wengine wakasema imo ndani ya nafsi ya binadamu. Kitabu kilipotafsiriwa kwa Kiarabu katika karne ya tisa, mlango ulikuwa bado wazi.

Aliyeingia kwa kishindo ni Ibn Sina, aliyezaliwa karibu na Bukhara mnamo mwaka 980 na kufariki Hamadan mwaka 1037. Alikuwa tabibu, na inaonekana: anapoeleza akili huanzia kwenye ubongo, tena kwa mifano inayoweza kujaribiwa nyumbani. Tazama tone la mvua linavyoanguka. Unaona mstari, ingawa katika kila nukta ya muda tone lipo mahali pamoja tu. Jicho haliwezi kuona pale ambapo tone halipo tena. Kwa hiyo ndani yako kuna kitu kinachoshika mahali tone lilipokuwa na kukiunganisha na mahali lilipo sasa. Zungusha kijinga cha moto gizani utaona duara, na duara hilo halipo mkononi mwako wala hewani. Ibn Sina anakiita kitu hicho hisi ya pamoja, na ni ya kwanza kati ya hisi tano za ndani alizozigawia vyumba vya ubongo, kuanzia mbele hadi nyuma.

Mfano wake maarufu zaidi ni wa kondoo. Kondoo anamwona mbwa mwitu na kukimbia. Macho yanampa rangi na umbo, pua inampa harufu. Lakini uadui hauna rangi wala harufu. Umeingia kwa njia gani? Ibn Sina anasema kondoo ana uwezo wa kupokea ma'na, kitu kisichohisiwa lakini kilichobebwa na kinachohisiwa. Ndilo neno letu la kila siku, maana. Mimi hupenda kukaa hapa kidogo kila ninaposoma, kwa sababu tukisema "sioni maana yake" tunakuwa tumerudia falsafa ya karne ya 11 bila kukusudia: tumekiri kwamba maana ni kitu cha kuonwa, na kwamba macho hayatoshi.

Mpaka hapo kondoo na mtu wako pamoja. Mtu anamzidi kondoo pale anapoelewa jambo kwa ujumla wake: siyo mbwa mwitu huyu bali umbwa mwitu, siyo pembetatu hii ya chaki bali pembetatu. Na hapo Ibn Sina anaona mwili umefika mwisho wa uwezo wake. Kitu cha mwili huwa na ukubwa, mahali, upande wa kushoto na wa kulia. Pembetatu yenyewe haina ukubwa maalumu. Ingekuwa nao isingekuwa pembetatu zote. Kwa hiyo kinachoipokea nacho si mwili.

Kumtayarisha msomaji alikubali hilo, anamwambia afikirie mtu aliyeumbwa ghafla akiwa mzima na mkamilifu, lakini macho yamefunikwa, anaelea katika utupu, hakuna hata upepo wa kumgusa, na viungo vyake vimetawanywa visigusane. Haoni, hasikii, hahisi mkono wala mguu. Je, atakuwa na habari kwamba yupo? Ibn Sina anajibu: ndiyo, bila shaka yoyote, ingawa hatajua kama ana kifua au moyo. Na ikiwa anajijua bila kuujua mwili, basi yeye siye mwili. Wapo walioona hapa anaruka haraka mno, nami ni mmoja wao. Mtu anaweza kumjua Juma bila kumjua mtoto wa Mwanaisha, na bado Juma akawa ndiye mtoto wa Mwanaisha. Hata hivyo yule mtu anayeelea hasahauliki. Ukishamfikiria usiku taa imezimwa, utajikuta unatafuta mkono wako.

Swali la pili la Ibn Sina ni dogo kwa sura. Unalolijua, wakati hulifikirii, liko wapi? Picha za vitu anaziwekea ghala katika ubongo. Lakini pembetatu kwa ujumla wake haiwezi kuwekwa ghalani mwa mwili, na ndani ya akili, kuwapo kwake ndiko kufikiriwa kwake. Hakuna stoo. Anatoa jibu la ajabu: haliko kwako. Liko katika akili inayotenda, iliyo nje ya wanadamu wote, ya mwisho katika mfululizo wa akili za mbinguni, na kutoka kwake maana hububujika kumwendea kila aliyejitayarisha kwa kutazama, kulinganisha na kuwaza. Kujifunza mara ya kwanza, anasema, ni kama kutibiwa jicho: likishapona, hutazama kila linapotaka.

Kwa hiyo kwa Ibn Sina methali yetu ni kweli nusu. Nafsi inayopokea ni ya kila mtu, imeumbwa pamoja na mwili wake na itabaki baada ya kifo ikiwa ileile. Mwanga unaoiangazia ni mmoja kwa wote, kama jua.

Nusu iliyobaki aliichukua Ibn Rushd. Waliosoma fikihi wanamjua kwa Bidayat al-Mujtahid, kitabu cha kulinganisha madhehebu, na inafaa kukumbuka kwamba ni mtu huyohuyo. Alizaliwa Córdoba mwaka 1126 katika ukoo wa makadhi, akawa kadhi Sevilla na kwao, na tabibu wa watawala wa Almohadi. Mtawala Abu Ya'qub Yusuf alilalamika kwamba maneno ya Aristotle hayaeleweki. Ibn Tufayl, tabibu wa kasri la mtawala ambaye alijiona amezeeka, akampasia kazi hiyo Ibn Rushd. Akaandika sherehe, kwa maana ile ya kurasa za mwisho za diwani zetu yanapofafanuliwa maneno magumu, ila zake zilijaza majuzuu. Kitabu cha nafsi alikisherehesha mara tatu: kwa ufupi, kwa wastani, na kwa urefu. Na mara zote tatu hakusema jambo moja. Mtu anayebadili msimamo kwa maandishi, tena wazi, ana heshima yangu. Katika ile ndefu anafikia kuwaomba ndugu watakaosoma waandike mashaka yao.

Hoja ya mwisho aliyofikia naitazama kwa mfano wangu mwenyewe, wa darasa. Mwalimu anachora pembetatu ubaoni na kueleza kwa nini jumla ya pembe zake ni nyuzi 180. Wanafunzi 40 wanakunja uso, kisha mmoja mmoja wanaelewa. Sasa hesabu. Madaftari ni 40, michoro ni 40, mingine imepinda vibaya. Picha za vichwani ni 40. Lakini lile lililoeleweka, ni mangapi? Yangekuwa 40, mwalimu angekuwa na lake na kila mwanafunzi lake, na tusingeweza kusema wamejifunza alichofundisha. Tungesema yamezaliwa mambo 40 yanayofanana. Na kufanana huko angekuwa anakuona nani? Angehitajika mmoja wa kuyatazama yote. Kilichoeleweka ni kimoja, na ni kilekile alichokijua Euclid, mwanahesabu wa Alexandria, zaidi ya miaka elfu mbili iliyopita.

Sasa kumbuka kanuni: kinachopokelewa hupokelewa kwa jinsi ya mpokeaji. Ukimimina maji kikombeni yanakuwa na umbo la kikombe. Akili inayopokea ingekuwa yangu binafsi, imegawanywa kwa kufuata miili, basi kila kinachoingia humo kingekuwa changu binafsi, na pembetatu isingekuwa ya wote tena. Lakini ni ya wote. Kwa hiyo, anahitimisha Ibn Rushd, siyo tu akili inayotenda ndiyo moja. Hata ile inayopokea ni moja, ya jamii nzima ya wanadamu, haizaliwi wala haifi.

Kisha mbona mimi nimeelewa na jirani yangu amelala? Hilo alishaliona. Picha ni za kila mtu. Ile akili moja haiwezi kuelewa bila picha, na picha zinatoka kwa watu wenye macho, masikio na ubongo. Mimi nikiwa na picha zilizo tayari, kuelewa kunafanyika kupitia kwangu. Nikifa, picha zinaoza pamoja na ubongo wangu. Kuelewa kunaendelea kupitia wengine.

Hapo ndipo mshtuko ulipo. Kinachobaki baada ya kifo si mimi.

Vitabu hivi vilivuka kwenda kwa Walatini kwa njia ambayo kila mkalimani wa Kiswahili angeitambua. Toledo, katikati ya karne ya 12, kitabu cha nafsi cha Ibn Sina kilitafsiriwa na watu wawili: Avendauth, Myahudi, alisoma Kiarabu na kutamka neno kwa neno katika lugha ya mtaani, na padri Dominicus Gundissalinus akayaandika yale yale kwa Kilatini. Sherehe ndefu ya Ibn Rushd ilitafsiriwa baadaye na Michael Scot, mnamo miaka ya 1220. Asili yake ya Kiarabu haikutufikia isipokuwa vipande. Mtu akitaka kusoma hoja ya kadhi huyu leo, huisoma kwa Kilatini. Kule aliitwa Averroes, au kwa kifupi "Msherehesha", kana kwamba hakuna mwingine.

Kanisa lilikuwa limekataza vitabu vya Aristotle vya maumbile visifundishwe Paris mwaka 1210 na tena 1215. Kufikia 1255 vilikuwa masomo ya lazima katika chuo kikuu cha huko. Vijana wakamsoma Aristotle huku Msherehesha akiwa pembeni, na katika miaka ya 1260 mwalimu Siger wa Brabant akawa anafundisha waziwazi kwamba akili ni moja. Mwaka 1270, miezi kadhaa kabla au karibu na tamko la askofu, Thomas Aquino, mtawa na mwanateolojia, aliandika kijitabu cha kumjibu. Thomas hakuwa mtu wa hasira kwenye karatasi, lakini katika kurasa za mwisho anamwita mpinzani atoke hadharani aandike, asibwabwaje pembeni na watoto.

Jibu lake lina ncha moja, na ni kali. Mtu huyu hapa anaelewa. Huo ndio ukweli wa kuanzia. Bila huo tusingekuwa tunajadiliana. Sasa mnaniambia kwamba kuelewa kunafanywa na akili iliyo nje, na mimi nimeunganishwa nayo kwa sababu inatumia picha zangu. Lakini tazama ukuta. Rangi iko ukutani, jicho linaipokea na kuona. Je, tutasema ukuta umeona? Ukuta umeonwa. Kwa hesabu yenu, basi, mwanadamu haelewi. Anaeleweka.

Nimejaribu mara nyingi kumwokoa Ibn Rushd na ule ukuta, sijaweza vizuri.

Kwa upande wake Thomas anasema akili zote mbili, inayopokea na inayotenda, ni uwezo wa nafsi ya kila mtu. Hakuna maana zinazobubujika kutoka mbinguni. Mtu huzichambua mwenyewe kutoka kwenye picha zilizoletwa na hisi, ndiyo sababu hata baada ya kuelewa hatuachi kutafuta mfano. Na darasa la wanafunzi 40? Anapambanua: kilichomo akilini mwangu si kile ninachokijua, ni kile ninachojulia. Mambo ya kujulia ni 40, kila mtu na lake. Kinachojuliwa ni pembetatu, moja. Miwani 40, mwezi mmoja.

Ni jibu zuri, na kwa ukuta pamoja na hili kura yangu inamwendea Thomas. Lakini sikubali kwamba Ibn Rushd alikuwa anaota. Alikuwa ameona jambo ambalo methali ya nywele inalificha. Nywele zangu nikikupa, mimi zinanipungua. Nikikufundisha kwa nini pembe ni nyuzi 180, hakuna kilichonipungua, na wewe hujapata nakala iliyofifia. Tumekuwa na kitu kimoja sote wawili, kizima, kwa wakati mmoja. Hakuna nywele zinazofanya hivyo.

Tamko la 1270 halikumaliza kitu. Tarehe 7 Machi 1277 Tempier alirudi na orodha ya kauli 219, siku ileile Thomas alipotimiza miaka mitatu kaburini, na baadhi ya kauli zilizokatazwa zilikaribia mno mafundisho ya Thomas mwenyewe. Siger alikimbilia Italia, akauawa Orvieto na karani wake aliyepatwa na wazimu. Dante, mshairi wa Italia aliyewapangia wafu wote makao, alimweka Siger peponi bega kwa bega na Thomas, na ni Thomas huyohuyo anayemsifu. Ibn Sina na Ibn Rushd aliwaweka kwenye ukingo wa Jehanamu pasipo mateso, pamoja na Aristotle.

Ibn Rushd mwenyewe hakujua lolote la Paris. Mwaka 1195 alikuwa amehamishwa kwa nguvu hadi mji mdogo wa Lucena, na vitabu vyake vya falsafa vikachomwa. Alisamehewa karibu na mwisho, akafia Marrakesh mwaka 1198, akazikwa huko. Baadaye mwili ulifukuliwa ili urudishwe Córdoba kwa wazee wake. Ibn Arabi, sufi mashuhuri aliyekuwa kijana wakati huo, alishuhudia ukipakiwa. Jeneza lilifungwa upande mmoja wa mnyama wa mizigo. Mzigo ukawa unaegemea upande huo, ikabidi utafutwe uzito wa kuusawazisha. Wakafunga vitabu vyake upande wa pili.